Jicho la Fundichuma

Siku aliyotoweka Dishon ilikuwa Jumamosi, katika masika yale yaliyovunja kingo za mito ya Nairobi. Mvua ilikuwa imenyesha usiku kucha, ikaacha alfajiri, naye Dishon alikuwa amesimama dirishani akiisubiri iishe kama mtu anayemsubiri mgeni aage. Alikunywa chai wima. Akachukua mkoba wake wa penseli za rangi na kigoda chake cha kukunja, akamwambia mkewe, Kageha, kwamba atakuwa amerudi kabla ya ugali wa mchana. Kageha alikuwa jikoni akichambua mboga za managu. Alimwambia avae buti kwa sababu ya matope, wala hakuinua kichwa kumtazama akitoka. Jambo hilo dogo lilimsumbua baadaye kuliko mengi makubwa.

Dishon alikuwa anakwenda kwa fundichuma. Huyo ni ndege wa kahawia, kichwa chake kimechongoka mbele na nyuma kama nyundo, na hujenga kiota kikubwa kupita kiasi, lundo la vijiti na matope ambalo mtu mzima anaweza kulikalia lisibomoke. Jozi moja ilikuwa imejenga juu ya mgunga kando ya mto, huko nyuma ya Njiru, na Dishon alikuwa ameichora mara nyingi. Mabawa alikuwa nayo, miguu alikuwa nayo, kishungi alikuwa nacho. Alichokosa ni jicho.

Saa sita simu yake ilikuwa imezimika. Kageha akajiambia ni betri. Alasiri mvua ikarudi, safari hii si ya kunyesha bali ya kumwagika, na mitaro ya mtaa wao wa Buruburu ikaanza kutapika. Giza lilipokaribia alikwenda nyumba ya pili kwa Ifrah, jirani yake wa miaka mingi, akaongea habari za kupotea kwa umeme kwa muda mrefu kabla ya kusema lililompeleka. Ifrah hakungoja amalize. Alimwita mumewe, Samatar, na kulipopambazuka watatu hao wakawa wamesimama kando ya mto.

Maji yalikuwa na rangi ya chai ya maziwa, nayo yalikwenda kwa mngurumo ulioingia miguuni kabla ya kufika masikioni. Mgunga haukuwapo. Ulikuwa umeng'oka na mizizi yake, kiota na vyote vilivyokuwamo. Mama mmoja aliyelima sukuma wiki hapo ukingoni alisema kwamba jana yake alimwona mwanamume ameketi kwenye kigoda, akiangalia mti, akiandika, akiangalia tena. Alidhani ni mpima ardhi aliyetumwa kuwafukuza, hivyo akajificha ili asiulizwe jina. Baadaye maji yakaja yote kwa mara moja. Alipokimbilia juu hakugeuka nyuma.

Samatar ndiye aliyekiona kigoda, kimenaswa kwenye matete. Kilikuwa kimekunjwa.

Kageha alikishika kigoda hicho kama mtu aliyepewa mtoto. Dishon alikuwa hakikunji kigoda chake ila akishamaliza na kuinuka, na mtu aliyepata nafasi ya kukunja kigoda amepata pia nafasi ya kuondoka. Ndivyo alivyomwambia Samatar. Samatar alitazama maji, akajibu kwa sauti ya chini kwamba huenda ikawa hivyo, na kwamba maji nayo hukunja vitu.

Kuanzia siku hiyo hofu iliingia katika nyumba ile ikawa kama mpangaji. Kageha alizunguka vituo vya polisi, akazunguka hospitali, kisha akaanza kuzunguka vyumba vya maiti, na huko alijifunza kuomba aonyeshwe miguu kwanza. Kidole kidogo cha mguu wa kushoto wa Dishon kilikuwa kimepanda juu ya mwenzake. Mhudumu alipofunua shuka kutoka chini, Kageha aliangalia mahali hapo tu, akatikisa kichwa, akatoka nje. Uso hakuuangalia hata mmoja. Watu walioiona picha ya Dishon mtandaoni walimpigia simu wakisema wamemwona mtaa wa Pipeline, wamemwona Kayole, yuko mahali fulani amepoteza kumbukumbu. Kila simu ilipolia alishika ukuta kabla ya kuipokea. Mvua ilipoanza kupiga mabati ya kibanda cha nje, aliacha chochote alichokuwa nacho mkononi, hata kama mafuta yalikuwa motoni, akaenda kusimama mlangoni.

Binti yao, Shirleen, aliyekuwa amemaliza kidato cha nne mwaka uliotangulia, ndiye aliyezima moto. Alihamisha godoro lake chumbani kwa mama yake, na mchana aliketi mezani kwa baba yake akizipanga penseli upya.

Meza ile ilikuwa sebuleni, na juu yake kazi ilikuwa vilevile Dishon alivyoiacha. Kabla ya kustaafu alikuwa mchoraji wa ramani katika reli, mtu wa madaraja na makalvati ya kupitisha maji. Ndege walimwingia kupitia kabati la ofisini. Ofisi yao ilipohamishwa, vitabu vikuukuu vilitupwa nje, vizito kama matofali, vyenye picha za ndege zilizofunikwa kwa karatasi laini kama ngozi ya kitunguu. Vyote Dishon alivibeba nyumbani. Miaka iliyofuata alitafuta vingine, na kila alichosoma alikisimulia mezani wakati wa kula, mpaka Kageha akaijua historia ile kama sala.

Wazungu wa kwanza, alisema, walimpiga risasi ndege huku kwetu, wakamchuna, wakamjaza pamba, wakamtia kwenye sanduku akavuka bahari. Huko akapokelewa na mchoraji mahiri ambaye hajawahi kukanyaga Afrika. Mchoraji akamsimamisha juu ya jiwe la kwao, akamzungushia maua ya kwao. Ndiyo maana katika vitabu vile ndege wetu wamesimama kama makarani walioitwa na mkubwa. Baadaye walikuja wachoraji waliokaa wenyewe nyasini wakangoja. Kisha zikaja kamera. Lakini wale wenyeji waliowaonyesha viota hawakuandikwa popote.

Na jicho. Hapo ndipo Dishon alipokuwa akiweka tonge chini. Jicho ndilo huoza kwanza, kwa hiyo mchunaji hulitoa akalitupa. Mchoraji wa kule ng'ambo akabaki kubahatisha. Akitia manjano, wa pili atanakili manjano, na wa tatu atanakili kwa wa pili, na kosa litasafiri kutoka kitabu hadi kitabu miaka mia moja bila mtu kuuliza.

Kitabu chake mwenyewe kilikuwa cha kuyaeleza hayo yote. Ukurasa wa kushoto aliweka nakala ya picha ya kale pamoja na makosa yake, wa kulia ndege yuleyule kama alivyomwona yeye, na chini yake majina anayoitwa na makabila yetu. Alikuwa na sharti moja tu la kazi: jicho huja mwisho, na haliji mpaka ndege aliye hai amemtazama mchoraji. Kwa hiyo nyumbani kwao picha zenye matundu meupe mahali pa macho zilikuwa kitu cha kawaida. Shirleen alikuwa akiwaambia rafiki zake kwamba sebule yao ni wodi ya macho.

Picha ya fundichuma ilikuwa ya mwisho katika kitabu kizima.

Mwezi wa sita kaka yake Dishon, Wakoli, alifika kutoka Bungoma pamoja na Senge Rispa, dada ya marehemu baba yao. Senge alikuwa mwanamke mkavu, mrefu, ambaye hakuna mazishi katika ukoo yaliyowahi kwenda bila yeye. Alisalimu mulembe kila chumba kana kwamba vyumba vingemjibu, akauliza wanalala wapi, akaonyeshwa ngazi, akasema ni sawa, hata kuku wa kwao hulala juu. Shirleen alicheka kwa mara ya kwanza tangu masika.

Kisha Senge akaiona meza. Alimwona fundichuma, kichwa cha nyundo kimegeuzwa kumwelekea, na mahali pa jicho pana tundu jeupe. Akavua leso yake begani akaifunika picha ile polepole, kama anavyofunikwa mtu.

"Huyu ndege hachezewi," alisema. "Kwetu anayechungulia kiota chake hafii kitandani. Na mtoto wetu alimchora hana macho. Alikuwa anatuaga, sisi hatukusikia."

Kageha alitaka kueleza habari ya jicho kuja mwisho. Lakini kwa jinsi Senge alivyolisema, jambo alilolijua vizuri miaka yote liligeuka mbele yake likawa geni.

Wakoli ndiye aliyeleta neno lenyewe, akianzia mbali kama ilivyo adabu. Mwaka ulikuwa wa shufwa, na kwao Wabukusu mwaka wa shufwa ndio mwaka wa tohara. Wanawe wawili walikuwa waingie jandoni mwezi wa nane. Boma lenye kilio ambacho hakijaliliwa haliwezi kucheza ngoma. Kufanya hivyo ni kuwakabidhi watoto kwa kisu kisicho na baraka. Wazee walikuwa wamekaa. Mwili ulipokosekana, desturi ilijulikana: hukatwa mgomba wa urefu wa mtu, ukavikwa nguo aliyoivaa na ambayo haijafuliwa, ukazikwa kama mtu. Nguo hiyo haichukuliwi. Hutolewa na mke kwa mkono wake mwenyewe. Na kilio huanzwa na mfiwa ndipo wa mbali wakaingia. Yeye asipofungua kinywa, boma zima litakaa kimya.

"Mulamwa, shemeji yangu, sikulazimishi," Wakoli akamalizia, macho yakiwa sakafuni. "Huyo ni ndugu yangu, tulinyonya titi moja. Lakini nina watoto."

Kageha aliomba apewe muda. Ukweli ni kwamba alikuwa ameshikwa na hofu ambayo wale wawili hawakuweza kuijua, kwani ilitoka kwao Vihiga, utotoni mwake. Mtu mmoja wa kijiji chao alikwenda Uganda kutafuta kazi, miaka ikapita, wakazika mgomba. Siku moja akarudi. Kageha, akiwa msichana mwenye mtungi kichwani, alimwona amesimama langoni kwake akibisha hodi, na ndani watu wapo, na hakuna aliyeitika. Alisimama hapo hadi jua likashuka. Kondoo wa kumtakasa akaletwa, ukuta wa nyuma wa nyumba ukatobolewa, akaingia kupitia tunduni kama mnyama. Mkewe hakula naye sahani moja tena. Kabla ya mavuno mtu huyo aliondoka, na safari hiyo hakuna aliyemuuliza anakwenda wapi.

Kwa hiyo Kageha alipotazama shati la buluu la Dishon nyuma ya mlango wa chumba, lenye jasho lake la Ijumaa ile kwenye ukosi, hakuona shati. Aliona lango, na mume wake amesimama nje yake akiwa na mkoba wa penseli, na yeye yumo ndani akiamriwa asiitike.

Katikati ya hayo Gichuru akapiga simu. Gichuru alikuwa mhariri katika kampuni ndogo ya uchapishaji iliyokikubali kitabu, mtu mpole aliyesafisha koo kabla ya kila sentensi. Alieleza kwamba mtambo umeshapangiwa siku na hauwezi kungoja zaidi. Alikuwa na mchoraji mzuri wa kuweka lile jicho moja. Hakuna msomaji ambaye angejua. Jambo la pili lilikuwa jina la mwandishi mwanzoni mwa kitabu. Wangetaka kujua kama waandike marehemu.

Kageha alikata simu. Akakaa kwenye ngazi, katikati, pasipo juu wala chini.

Hapo nyumbani basi pakawa na mambo mawili ambayo hakuna aliyeweza kuyafanya bila yeye, na yote mawili yalikuwa jambo moja. Wiki ile Wakoli alirudi kwao, lakini Senge alibaki. Alisema miguu imevimba. Alikaa kwenye kiti karibu na dirisha akisuka mkeka usiokwisha, wala hakumuuliza Kageha lolote. Mara moja tu alisema, bila kumtazama mtu, kwamba amezika watu wengi, na walio wazito si wale wenye miili.

Siku ya Jumatano Kageha alirudi kutoka sokoni akakuta leso ya Senge imekunjwa vizuri kitini na picha ya fundichuma iko wazi.

Ilikuwa na jicho.

Jicho la manjano, lenye mboni nyeusi katikati, limetiwa kwa uangalifu na mkono usiotetemeka. Lilimtazama Kageha alipoingia, likamtazama alipokwenda kando. Kikapu kilimtoka, nyanya zikabingirika hadi chini ya kabati. Dakika ile aliamini kila kitu alichosema Senge, na zaidi. Alijua kwa hakika kwamba hakuna mtu yeyote nyuma ya jicho lile. Fundichuma ana jicho la kahawia. Dishon alikuwa amemwambia hivyo baada ya kumwona kwa mbali, la kahawia iliyoiva, karibu nyeusi. Alichokuwa anakifuata siku ile ni mng'ao wake tu.

Shirleen alikuwa amesimama mlangoni pa jikoni, vidole vina manjano.

"Ni mimi," alisema.

Alikuwa amelitoa kwenye picha ya kale ya ukurasa wa kushoto. Alidhani baba yake ameiweka pale ili ifuatwe. Kosa la mtu aliyekufa zamani ng'ambo, aliyebahatisha rangi kwa ndege aliyejazwa pamba, lilikuwa limevuka miaka yote hiyo likaingia Buruburu kupitia mkono wa mtoto aliyekuwa amesikia habari za makosa hayo tangu aanze kula mwenyewe. Akasikia mara mia, na bado akanakili. Mtu akitaka sana jambo liishe hushika lililo karibu.

Kageha alimuuliza kwa nini. Hakuwa amekasirika, sauti yake ilikuwa ya mtu anayeuliza njia.

"Mum, siwezi tena," Shirleen alisema. "Mvua ikianza unaenda kusimama kwa mlango. Simu ikilia ni kama unataka kuanguka. Dadi hayuko. Najua hayuko, na wewe pia unajua. Sasa ni wewe naona ukienda, na mimi ndio nabaki kukuchunga. Nani ananichunga mimi?"

Senge, pale dirishani, aliacha kusuka.

Kageha alipiga magoti akaokota nyanya moja moja, na alipokuwa chini hapo, uso umeelekea sakafu, ndipo alipokubali kwamba tangu Jumamosi ile alikuwa amemlinda mtu aliye mtoni na kumwacha aliye nyumbani. Hakupata ujasiri. Asidhani mtu kwamba alipata ujasiri. Hofu ya kwanza ilikuwa bado ipo, na juu yake ikaja nyingine iliyo kubwa zaidi, yenye jina na vidole vya manjano, na hofu mbili zikigombana moja lazima ipishe.

Akainuka, akampigia Gichuru. Alimwambia picha ichapwe ilivyo, asiitwe mchoraji mwingine, jicho lisiguswe. Chini yake yaandikwe maneno haya: kwamba ndege huyu alichorwa na Dishon kando ya mto, na jicho limewekwa na binti yake, ambaye hajamwona ndege mwenyewe, na rangi yake si sahihi. Gichuru akasafisha koo. Akasema hakuna kitabu kinachokiri kosa namna hiyo. Kageha akamwambia vitabu vilivyotangulia vilikosa kwa sababu vilificha. Kuhusu jina la mwandishi, liandikwe jina, basi, pasipo neno mbele yake.

Kisha akapanda ngazi. Alipokuwa akilitoa shati kwenye msumari kifungo kimoja kikakatika, akakitafuta sakafuni, akakikosa. Alilinusa mara moja tu. Akashuka, akamkabidhi Senge mkononi, na Senge akalipokea kwa mikono miwili huku ameinama, mwanamke mzee akimwinamia aliye mdogo kwake.

Mgomba ulizikwa Bungoma mwezi wa saba, asubuhi yenye umande. Ulikuwa umekatwa nyuma ya nyumba ya mama yake Dishon, nao ulitoa maji mahali pa kukatwa, yakalowesha shati la buluu kifuani. Kageha alitazama doa hilo likipanuka. Watu walikuwa wengi na wote walikuwa kimya wakimngojea. Alifungua kinywa. Ikatoka sauti asiyoijua, kubwa, na boma lote likaitikia nyuma yake. Shirleen alimshika kiuno asianguke. Mwezi uliofuata wana wa Wakoli waliingia jandoni, wakasimama imara.

Kitabu nacho kilitoka. Walimu wengine walipiga simu kumuuliza Gichuru kuhusu yale maneno chini ya fundichuma, na mmoja alitaka yaondolewe yasiwachanganye wanafunzi.

Shirleen amejiunga na chuo, hulala chumbani kwake. Kageha haendi tena mlangoni mvua inaponyesha. Lakini lango la nje likigongwa saa ambayo hakutarajia mtu, husimama kwanza, mkono kifuani, na anachokiogopa sasa si kwamba Dishon hatakuja. Anaogopa kwamba ni yeye, na kwamba atalazimika kumweleza. Hajamwambia mtu jambo hilo. Baada ya muda huita, "Nani?" na mara zote amekuwa mtu mwingine.

Polisi hawana habari ya mgomba. Kwao Dishon bado ni mtu aliyepotea, na sheria haitamhesabu kuwa amekufa mpaka miaka saba ipite. Mwili wa mwanamume ukipatikana mtoni, polisi humpigia Kageha simu, naye hufunga nyumba, akaenda kuangalia miguu.